WALTER SCOTT: MTU ALIYEZISIKILIZA PANDE ZOTE MBILI

Mwaka huu wanachama wa chama cha Kiswahili tumetakiwa tuandike maisha ya mtu maarufu aliyefariki zamani. Wenzangu wengi wamewachagua marais na wanariadha. Mimi nimemchagua mwandishi wa kutoka Uskoti aitwaye Walter Scott, aliyeaga dunia mwaka wa 1832. Najua mtaniuliza, huyo mzee wa mbali anatuhusu nini? Subira huvuta heri. Hebu kwanza niwasimulie maisha yake, halafu mtaamua wenyewe.

Scott anajulikana kama baba wa riwaya ya kihistoria. Tena historia aliyoipenda zaidi ilikuwa ya vita vya wenyewe kwa wenyewe, yaani vita ambavyo adui si mgeni kutoka ng'ambo bali ni jirani, shemeji au hata ndugu wa tumbo moja. Vita vya namna hiyo ni vigumu sana kuandikwa, manake kila msomaji ana upande wake. Scott aliviandika, na watu wa pande zote mbili wakanunua kitabu kilekile. Aliwezaje?

KUZALIWA NA UTOTO WAKE

Walter Scott alizaliwa tarehe 15 Agosti 1771 jijini Edinburgh, mji mkuu wa Uskoti. Baba yake, ambaye pia aliitwa Walter, alikuwa wakili. Mama yake, Anne Rutherford, alikuwa binti wa profesa wa udaktari. Familia hiyo iliishi katika kichochoro chembamba cha mji wa kale, mahali penye hewa nzito na uchafu mwingi. Watoto wao sita walikufa wakiwa wachanga.

Walter alipokuwa na umri wa mwaka mmoja na nusu alishikwa na homa kali. Homa ilipokwisha, mguu wake wa kulia ukawa umepooza. Siku hizi tunaujua ugonjwa huo kwa jina la polio, lakini wakati ule hapakuwa na chanjo wala jina. Alichechemea hadi siku ya kufa kwake.

Wazazi waliona afadhali mtoto apelekwe shambani kwa babu yake, mahali paitwapo Sandyknowe, karibu na mpaka wa Uskoti na Uingereza, akapate hewa safi. Huko walijaribu kila dawa. Kondoo alipochinjwa, mtoto alifungwa katika ngozi mbichi, ingali na joto, eti mguu upate nguvu. Mguu haukupona, lakini mtoto alipata kitu kingine ambacho hakuna aliyekitazamia. Kwa kuwa hakuweza kukimbia na wenzake, alikaa na wazee. Shangazi yake Jenny alimsomea mashairi mpaka akayajua kwa moyo. Wazee wa shamba nao walimsimulia habari za mpaka ule, ambako kwa mamia ya miaka Waskoti na Waingereza waliibiana ng'ombe na kuchomeana nyumba. Wasomaji wenzangu mnaotoka sehemu zenye wizi wa mifugo, ninyi hamhitaji kuelezwa hadithi hizo zilivyo tamu na zilivyo chungu.

VITA VILIVYOWAGAWA WASKOTI

Ili tumwelewe Scott ni lazima tuvijue vita vya mwaka wa 1745. Nitavieleza kwa ufupi.

Mwaka wa 1688 Mfalme James wa ukoo wa Stuart alipinduliwa. Mwaka wa 1707 Uskoti na Uingereza zikaunganishwa kuwa nchi moja, na mwaka wa 1714 kiti cha enzi kikapewa George, aliyetoka Ujerumani. Waskoti wengine wakasema sawa, mradi dini yetu ya Kiprotestanti na biashara zetu ziko salama. Wengine wakasema hapana, mfalme wetu ni Stuart. Kukawa na maasi mwaka wa 1715, yakazimwa. Halafu mwaka wa 1745 mjukuu wa yule mfalme aliyepinduliwa, kijana wa miaka 24 aitwaye Charles Edward, akatua Uskoti na watu wachache sana. Koo za milimani zikamfuata. Tarehe 21 Septemba walilishinda jeshi la serikali huko Prestonpans, kisha wakateremka Uingereza mpaka mji wa Derby. Hapo wakarudi nyuma. Tarehe 16 Aprili 1746, katika uwanja wa Culloden, walipigwa kwa muda usiofika saa moja. Waliouawa upande wa Stuart walikuwa zaidi ya 1,000.

Jambo la kuzingatia ni hili. Watu hudhani yale yalikuwa mapambano kati ya Waskoti na Waingereza. La hasha! Waskoti walikuwamo katika majeshi yote mawili. Kuna nyumba ambazo baba alikuwa upande huu na mwanawe upande ule. Baada ya vita serikali iliwaadhibu watu wa milimani vikali. Nyumba zilichomwa, silaha zikapigwa marufuku, na wanaume wakakatazwa hata kuvaa mavazi yao ya asili mpaka mwaka wa 1782. Wapiganapo fahali wawili, ziumiazo ni nyasi.

Walter alizaliwa miaka 25 tu baada ya Culloden. Waliopigana walikuwa bado hai. Walikuwa wazee wanaokaa kando ya moto, wengine wakiongea, wengine wakinyamaza.

Hata ukoo wake mwenyewe ulikuwa umegawanyika. Baba ya babu yake aliwapenda akina Stuart kiasi cha kuapa kwamba hatanyoa ndevu mpaka warudi kutawala. Hawakurudi, naye akafa na ndevu zake, akaachiwa jina la utani la Mzee Ndevu. Lakini baba yake Walter alikuwa raia mtiifu wa Mfalme George. Mtoto alikua kati ya hizo mbili.

KISAHANI NA MGENI WA USIKU

Kuna visa viwili vya utotoni mwake ambavyo kwangu mimi vinaeleza kila kitu.

Cha kwanza ni cha mgeni wa usiku. Kwa majuma kadhaa mtu mmoja alikuwa akija kwa baba yake jioni, amejifunika, akiingia ofisini na kuondoka bila kujulikana. Mama alitamani sana kumjua. Usiku mmoja akaingia na chai, akampa mgeni, naye mgeni akanywa. Mgeni alipotoka tu, baba alikichukua kikombe kile akafungua dirisha akakitupa nje. Kumbe mgeni alikuwa Murray wa Broughton, aliyekuwa karani wa yule kijana Charles Edward. Baada ya kushindwa, Murray aliwageuka wenzake akatoa ushahidi dhidi yao ili aokoe shingo yake. Kama wakili, baba alikubali kumfanyia kazi, lakini hakutaka mdomo wa mtu wa nyumbani mwake uguse kikombe kilichoguswa na mdomo ule. Ajabu ni kwamba baba hakuwa upande wa Stuart kamwe! Murray alikuwa amewasaliti maadui wa serikali, yaani kwa hesabu ya siasa alikuwa ameisaidia serikali. Lakini mbele ya baba usaliti ni usaliti. Walter alikiokota kisahani cha kikombe kile akakihifadhi.

Cha pili ni cha mzee Alexander Stewart wa Invernahyle, mteja mwingine wa baba yake, aliyepigana upande wa Stuart mwaka wa 1715 na pia mwaka wa 1745. Mzee huyo alipenda kusimulia, na mtoto Walter alipenda kusikiliza. Huko Prestonpans, Stewart alimkuta ofisa wa serikali aitwaye Charles Whitefoord akiwa amebaki karibu peke yake, bado anapigana. Badala ya kumwacha auawe, alimfanya mateka na kumwokoa. Baada ya Culloden mambo yakageuka. Sasa Stewart ndiye aliyewindwa, amejificha pangoni karibu na kwake, na binti yake mdogo ndiye aliyempelekea chakula kwa siri. Whitefoord alipopata habari alikwenda kwa mkuu wa jeshi la serikali, Duke wa Cumberland, kumwombea msamaha. Akakataliwa. Akawa tayari kurudisha cheo chake cha jeshi ikiwa hatasikilizwa. Hatimaye alipewa angalau ahadi kwamba nyumba, mke na watoto wa Stewart hawataguswa.

Hebu fikiria mtoto mwenye mguu mbovu akiketi sakafuni akiyasikia hayo kutoka kwa mwenyewe. Tangu siku hizo alijua kwamba katika kila upande kuna Murray na katika kila upande kuna Whitefoord.

MASOMO NA KAZI

Scott alisoma shule ya upili ya Edinburgh, akaingia chuo kikuu akiwa na umri wa miaka 12, jambo ambalo wakati ule halikuwa la ajabu sana. Baadaye alifanya kazi katika ofisi ya baba yake, na mwaka wa 1792 akawa wakili kamili. Mwaka wa 1797 alimwoa Charlotte, msichana wa asili ya Kifaransa. Mwaka wa 1799 akawa hakimu wa jimbo la Selkirk, na tangu mwaka wa 1806 akawa karani wa mahakama kuu. Kazi hizo hakuziacha hata alipokuwa mwandishi maarufu. Aliandika alfajiri, kisha akaenda kortini kama watu wengine.

Likizo zake alizitumia kuzunguka vijijini mpakani akikusanya nyimbo za kale kutoka kwa wachungaji na akina mama wazee. Nyimbo hizo alizichapisha mwaka wa 1802 na 1803. Mama mmoja mzee, Margaret Laidlaw, mama yake mshairi James Hogg, alimkemea waziwazi kwamba nyimbo zile zilitungwa ziimbwe, si zisomwe, na kwamba kuzichapisha ni kuziharibu. Nadhani mama huyo alikuwa na haki yake. Lakini pia nadhani zingine zingepotea kabisa pamoja na wazee wale.

Baadaye Scott alitunga mashairi marefu yake mwenyewe, na yakauzwa kama mahamri ya moto. Mwaka wa 1813 alipewa heshima ya kuwa mshairi wa mfalme, akaikataa kwa adabu. Wakati huo kijana Byron alikwisha kuanza kumpita kwa ushairi, naye Scott hakuona wivu. Aligeukia kitu kingine.

WAVERLEY

Miaka kadhaa kabla ya hapo Scott alikuwa ameandika sura za kwanza za riwaya, akaziweka kando. Siku moja alipokuwa akitafuta ndoana na mishipi ya kuvulia samaki katika meza kuukuu, akazikuta karatasi zile. Akaziendeleza, na mwezi wa Julai 1814 kitabu kikatoka. Kiliitwa Waverley, na katika jina lake refu alieleza kwamba ni habari za miaka 60 iliyopita. Jina la mwandishi halikuwekwa. Nakala 1,000 za kwanza ziliisha upesi, na nyingine zikachapishwa mwaka huohuo.

Nimekisoma kitabu hiki wakati wa likizo. Sitawadanganya, Kiingereza chake ni cha kizamani na sura za mwanzo zinachosha. Lakini ukivumilia hadi kijana Edward Waverley afike Uskoti, bwana wee, hutakiweka chini. Edward ni ofisa wa jeshi la mfalme. Anakwenda milimani kama mgeni, anakutana na chifu Fergus Mac-Ivor na dada yake Flora, anavutiwa nao, na kwa bahati mbaya baada ya bahati mbaya anajikuta amevaa nguo za waasi na anapigana dhidi ya jeshi alilotoka. Huko Prestonpans anamwokoa ofisa wa serikali, Kanali Talbot. Mnaona? Ni kile kisa cha Stewart na Whitefoord!

Sehemu iliyonikaa moyoni ni ile ya kortini huko Carlisle. Fergus amehukumiwa kifo. Mtu wake, Evan Dhu, mtu maskini asiye na elimu, anaomba chifu wake aachiliwe, na badala yake wauawe watu sita, pamoja na yeye mwenyewe. Anajitolea kwenda kuwaleta hao watu. Watu mahakamani wanacheka. Evan anawaambia kwamba ikiwa wanacheka kwa kudhani hatarudi, basi hawajui moyo wa mtu wa milimani. Kicheko kinakatika. Scott alikuwa mtumishi wa mfalme, tena mtu wa korti, lakini alimwandika mwasi mpaka msomaji wa Kiingereza akaona aibu kwa kicheko kile. Wala hakumfanya Kanali Talbot kuwa shetani, naye ni mtu mwema mwenye uchungu wake.

Hiyo ndiyo njia ya Scott. Anamchukua mtu wa kawaida asiye na msimamo mkali, anampitisha katika kambi hii na kambi ile, nasi tunapita naye. Tukitoka, hatuwezi tena kusema wale ni wanyama.

VITABU VINGINE VYA KUSOMA

Baada ya hapo vitabu vilimtoka kama maji ya mfereji. Nitavitaja vile vinavyohusu nchi zilizogawanyika, ili anayetaka avitafute.

Old Mortality (1816) kinahusu mwaka wa 1679, Waskoti walipopigana kwa sababu ya dini. Jina lake linatokana na mzee wa kweli, Robert Paterson, aliyezunguka na nyundo yake akichonga upya maandishi ya makaburi ya wale waliokufa wakitetea kanisa lao la Kipresbiteri. Kanisa la Uskoti la madhehebu hayo ndilo lililowaleta wamishonari wa Thogoto na Tumutumu hapa kwetu. Katika kitabu, kijana Henry Morton anampa hifadhi rafiki wa marehemu baba yake bila kujua kwamba mtu huyo ametoka kumuua askofu mkuu. Kwa usiku huo mmoja wa ukarimu anatiwa mbaroni na askari, na mwisho anaingia vitani. Kitabu kilizua kelele. Mhubiri na mwanahistoria Thomas McCrie alilalamika kwamba mababu wa imani wameonyeshwa kama wendawazimu. Scott alifanya nini? Alishiriki kuandika uhakiki wa kitabu chake mwenyewe katika gazeti, bila jina, akajitetea! Hapo sikumpigia makofi, lakini nilicheka.

Rob Roy (1817) kinagusa maasi ya 1715. The Heart of Midlothian (1818) kina msichana wa kijijini, Jeanie Deans, anayekataa kusema uongo kortini kumwokoa dadake, kisha anafunga safari ya kwenda London, sehemu kubwa kwa miguu, kumwombea msamaha. Ivanhoe (kilichotoka mwishoni mwa 1819) ni cha Uingereza ya kale, Wasaksoni na Wanormani wakichukiana, na Wayahudi wakionewa na wote. Woodstock (1826) ni cha mwaka wa 1651, miaka miwili baada ya Waingereza kumkata kichwa mfalme wao. Mzee mmoja ni mfuasi wa mfalme, na kijana anayempenda binti yake ni mfuasi wa Bunge.

Vitabu hivi vilisomwa Ulaya nzima. Hugo wa Ufaransa, Manzoni wa Italia na Pushkin wa Urusi walijifunza kwake.

DAWA YA DENI NI KULIPA

Scott alipata pesa nyingi na alizitumia vivyo hivyo. Mwaka wa 1811 alinunua shamba kando ya mto Tweed, akajenga jumba kubwa akaliita Abbotsford. Mwaka wa 1820 mfalme akampa cheo cha Sir. Lakini kulikuwa na siri. Alikuwa mshirika katika kampuni ya kupiga chapa ya rafiki yake wa shule, na kampuni hiyo ilikuwa imefungamana kwa mikopo na wachapishaji wake. Mwezi wa Januari 1826, ghafla bin vuu, wote wakaanguka pamoja. Scott akajikuta anadaiwa pauni 120,000 hivi. Alikuwa na umri wa miaka 54. Mwezi wa Mei mwaka huo mkewe akafariki.

Angeweza kutangaza kwamba amefilisika, wadai wagawane kidogo kilichopo, yeye aanze upya. Marafiki walitaka kumchangia. Alikataa yote mawili. Aliamua kwamba mkono wake wa kuume ndio utakaolipa. Aliandika riwaya, akaandika maisha ya Napoleon katika mabuku tisa, akaandika historia za watoto. Mwaka wa 1827 alikiri hadharani kwamba yeye ndiye mwandishi wa Waverley, siri aliyoitunza kwa karibu miaka 13. Mwaka wa 1830 wadai, kwa kumheshimu, walimrudishia vitabu na vyombo vya nyumbani mwake. Deni lote lilimalizika baada ya kifo chake, kwa kuuza haki za vitabu vyake.

KASORO YAKE

Mwalimu wetu hutuambia kwamba maisha ya mtu yakiandikwa bila kasoro, huyo si mtu bali ni sanamu. Kasoro ya Scott ilikuwa kubwa, tena inahusu jambo hilihili ninalomsifia.

Mwaka wa 1831 watu wa kawaida wa Uingereza na Uskoti walidai Bunge lirekebishwe ili wengi zaidi wapige kura. Scott alipinga kwa nguvu zake zote. Alikwenda mji wa Jedburgh kusema dhidi ya mageuzi, na wafumaji wa nguo wakamzomea na kulirushia gari lake mawe. Mtu aliyeweza kumwelewa mwasi wa mwaka wa 1745 hakuweza kumwelewa fundi wa mwaka wa 1831 aliyesimama mbele yake. Ni rahisi kuwa mwadilifu kwa ugomvi wa miaka 60 iliyopita. Ugomvi wa leo ndio mtihani.

Na tazameni ajabu hii. Mwaka uleule afya yake ilikuwa imevunjika kwa kiharusi. Serikali iliyokuwa madarakani ilikuwa ya wale wanamageuzi aliowapinga. Ndiyo iliyompa meli ya kijeshi imchukue hadi Malta na Italia akapumzike kwenye joto. Whitefoord alikuwa amerudi kwa sura nyingine.

KIFO CHAKE

Safari haikumponya. Mwezi wa Julai 1832 alirudishwa Abbotsford, na tarehe 21 Septemba 1832 alifariki, dirisha likiwa wazi na mto Tweed ukisikika. Alizikwa kando ya mkewe katika magofu ya Dryburgh. Katika jiji la Edinburgh alijengewa mnara wa zaidi ya mita 60, na stesheni kuu ya garimoshi iliyo karibu inaitwa Waverley, jina la kitabu. Ni stesheni ngapi duniani zenye jina la riwaya?

SISI JE?

Sasa nirudi kwa swali la mwanzo, kama mzee huyu anatuhusu.

Mimi nilizaliwa baada ya ghasia zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007, ambapo zaidi ya watu 1,100 waliuawa na mamia ya maelfu wakahama makwao. Kabla ya hapo kulikuwa na mapigano ya kikabila ya miaka ya 1990. Kwetu nyumbani wazee wakiongea habari hizo, sisi vijana tukiingia wanabadilisha mazungumzo. Nyanya yangu ana sufuria iliyobonyea ambayo hataki itupwe. Ndicho kitu pekee alichobeba usiku waliotoka shambani mwezi wa Januari 2008. Nilimwuliza mara ya kwanza akanyamaza, na ya pili akanituma dukani. Mara ya tatu akaketi akaniambia. Nami nilikuwa nimejitayarisha kusikia jina la aliyechoma nyumba. Hakulitaja. Alichonieleza kwa urefu ni habari za jirani wa kabila lile lingine, aliyewaficha katika ghala la mahindi mpaka asubuhi, hali watu wake mwenyewe walikuwa njiani na mashoka. Nilipoisikia hadithi hiyo nilikumbuka pango la Stewart na kile kisahani.

Sisemi tusahau waliochoma. Mwenye kovu usidhani kapoa, na haki haiji kwa kusahau. Ninalosema ni kwamba tukiachiwa hadithi ya upande mmoja tu, tutairithi chuki pamoja nayo. Scott aliandika miaka 60 baada ya vita. Kwetu miaka 60 itatimia mwaka wa 2067, na nyanya hatakuwapo. Waandishi wetu wengine hawakungoja. Assumpta Matei alitoa Chozi la Heri mwaka wa 2014, na kaka na dada zetu walikisoma darasani. Kuhusu Mau Mau kuna Kaburi Bila Msalaba cha P. M. Kareithi. Kuhusu Zanzibar na mapinduzi ya 1964 kuna Kasri ya Mwinyi Fuad cha Adam Shafi. Vitafuteni.

Nanyi wanachama wenzangu, likizo ijayo chukueni daftari, mkae na wazee wenu, na mwulize mara tatu. Kisha, hili ndilo gumu, mwulizeni pia mzee wa upande wa pili. Kama una rafiki darasani wa kabila jingine, badilishaneni, wewe umsikilize nyanya yake naye amsikilize wako. Hadithi hizo zikipatikana za kutosha, jarida la mwaka ujao litakuwa nene.

Kwa hayo machache naiweka kalamu chini. Wasalaam.

Mwanachama, Kidato cha Tatu